Tulivyogawana Mafaili ya Marehemu

Jumanne, tarehe tatu Juni, umeme ulikatika Kariakoo asubuhi, na uliporudi tulikuta tumepoteza mtandao wa korido yetu yote. Mdogo wangu tulikuwa tumempoteza mwezi wa nne. Naandika hivyo viwili pamoja kwa sababu watu wa korido walinipa pole kwa vyote viwili kwa sauti ileile, na mmoja alinishika mkono akasema, "Mungu atatia wepesi," halafu akauliza kama nina namba ya siri ya mtandao wa jirani.

Mimi nauza vifungo, zipu na nyuzi. Nimesoma hadi darasa la saba. Mdogo wangu alisoma zaidi kidogo, na mengine alijifundisha mwenyewe. Fremu yangu ya duka iko katikati ya korido, chini ya jengo lenye wauza mabegi, mapazia, vyombo vya plastiki na nguo za watoto. Nyuma kabisa, chini ya shelfu ya zipu, ndipo alipoweka kompyuta yake. Si mpya. Feni yake inakoroma, na wateja wageni hudhani kuna mtu amelala huko nyuma, wakashusha sauti.

Kazi ya ile kompyuta nitaieleza kama nilivyoielewa, na sikuielewa yote. Mdogo wangu alichukua laini moja kubwa ya mtandao, akavuta waya hadi kila fremu, halafu akaweka programu iliyoamua nani aunganishwe na nani, nani apate kasi asubuhi na nani jioni. Waya zenyewe hazikujua lolote. Akitaka kubadilisha kitu hakugusa waya, alibonyeza tu pale kwenye kioo. Na pembeni aliweka programu nyingine ndogo ya uchunguzi, aliyoiita daktari. Kila kompyuta ikiwashwa, daktari anapita kwanza fremu kwa fremu, anapima hali ya kila moja, akimaliza ndipo mtandao unafunguliwa. Daktari asipopita, hakuna anayepata chochote. Nilimuuliza siku moja kwa nini aliupanga hivyo. Akaniambia, "Kaka, wewe unaweza kumuuzia mtu zipu bila kuivuta kwanza uone kama inapanda?" Nikasema siwezi. Akarudi kwenye kazi yake, nami kwenye yangu. Mazungumzo yetu mengi yalikuwa ya urefu huo.

Kila fremu ililipia mtandao kwa mwezi, na hicho ndicho alichomwachia mkewe. Shemeji yangu alikuwa kwenye eda. Hatoki, hana biashara nyingine, ana watoto wawili shuleni. Kwa hiyo Jumanne ile watu wa korido walipoanza kutoka kwenye fremu zao wakiwa wameinua simu juu kama wanaotafuta mvua, mimi nilikuwa namfikiria yeye.

Wa kwanza kunifuata alikuwa mwenyekiti wa korido, mama mmoja wa Kilimanjaro anayeuza mabegi ya jumla. Siku ya mazishi mama huyu alifunga duka kutwa nzima, na ni mtu ambaye hata mkesha wa Krismasi anakuwa wa mwisho kushusha shata.

"Kaka wa vifungo, mtandao unarudi lini?"

"Sijui, mama."

"Hujui kama ni leo, au hujui kama ni kesho?"

"Sijui vyote."

"Aisee! Hata fundi cherehani anasema kesho, na kitambaa hajakata. Sema kesho basi, tupumue."

"Sijui kama ni kesho."

"Marehemu alikuwa hana maneno mengi, lakini wewe umezidi." Halafu akanieleza lake bila kuzunguka. Kuna wakala wa kampuni moja ya mtandao amekuwa akipita hapo na kiboksi chake. Yuko tayari kuunganisha korido nzima. Akanipa hadi Jumamosi mchana. "Mdogo wako nilimlilia machozi ya kweli, uliniona. Lakini mteja wangu wa Mbeya anataka picha ya begi. Machozi yangu hayataki."

Nilimwona kweli akilia. Nikamwambia nimeelewa.

Nikampigia binamu yangu, mtoto wa shangazi, mwenye duka la kutoa kopi na kuchapa barua kule Posta. Akaja mchana na jasho lake, akapiga magoti chini ya zipu, akawasha. Kwenye kioo kikatokea kisanduku cheupe chenye alama nyekundu na maneno ya Kiingereza.

"Inasema daktari hawezi kuanza. Kuna faili halipo."

"Faili gani?"

"Haya mafaili yanaitwa ya maktaba. Programu haibebi kila kitu yenyewe, inaazima humo. Sasa imekwenda kuazima, imekuta pengo." Akaanza kusoma jina la hilo faili. Lilikuwa na s, d na n mwanzoni, halafu neno refu la uchunguzi, halafu nukta, halafu d na l mbili. Alipofika kwenye zile l mbili akanigeukia. Na mimi nilikuwa nimeshalijua. Jina hilohilo lilikuwa limeandikwa kwa kalamu kwenye kipande cha plasta, na kipande hicho kimebandikwa kwenye flashi iliyokuwa inaning'inia kwenye funguo zangu.

"Kaka," akasema binamu, akiniangalia kiunoni, "si urithi wako huu?"

Ulikuwa urithi wangu.

Hapa inabidi nieleze arobaini. Ilifanyika mwishoni mwa mwezi wa tano. Hitima ikasomwa, pilau ikaliwa. Sheikh aliyetusaidia mambo ya mirathi alikuwa ameshamaliza kazi yake, na aliimaliza vizuri, akaaga. Ndipo ukaja ule mgao mdogo wa nyumbani, wa nguo na vitu vya mkononi, ili kila mtu aondoke na kitu cha marehemu. Msimamizi alikuwa baba mdogo, ndugu wa marehemu baba yetu. Anauza viatu vya mtumba Mchikichini, na hajamuuzia mtu kiatu bila kumgeuzia soli aione. Ni mtu wa haki kuliko watu wote ninaowajua. Matatizo yetu yote yalitokana na haki yake.

Akagawa kanzu, akagawa mashati, akanipa mimi viatu ambavyo vinanibana hadi leo. Kompyuta ilikuwa ya shemeji, hakuna aliyebisha. Lakini baba mdogo akauliza, "Na vilivyomo ndani?" Akasema mtu akipewa kabati, nguo zilizomo zinagawiwa kwanza. Tulikaa tukatafuta kosa kwenye maneno hayo, hatukuliona. Kesho yake tukaenda dukani kwangu: baba mdogo, shangazi, binamu na mimi. Shemeji asingeweza kutoka, ikabidi baba mdogo amsimamie fungu lake.

Picha za watoto zikatengwa kwa shemeji. Baada ya hapo ikabaki hifadhi moja yenye mafaili manne ambayo ukiyabonyeza hayafunguki.

"Haya ni ya mashine, mjomba," binamu akasema. "Tuyaache."

"Mashine ilikuja nayo?"

"Hapana. Aliyaweka mwenyewe."

"Basi ni yake. Gawa."

"Nikopi au nikate?"

"Tofauti yake nini?"

"Nikikopi, linabaki hapa na wewe unakuwa nalo. Nikikata, linahama."

Baba mdogo akafikiri akiwa amekaa juu ya bunda langu la nyuzi. "Kanzu niliyompa jirani jana, imebaki kabatini?"

"Hapana, mjomba."

"Basi kata. Siwezi kumpa mtu kivuli cha kitu cha mtoto wa kaka yangu, halafu nimwambie ndicho."

Binamu akakata. Moja akapewa baba mdogo, moja shangazi, moja shemeji, moja mimi, kila moja kwenye flashi yake yenye plasta na jina. Tukasoma Fatiha pale katikati ya vifungo, tukaondoka. Mtandao haukukatika, kwa kuwa kompyuta ilikuwa inawaka siku zote na daktari alikuwa ameshapita zamani. Hakuna aliyejua kwamba asingeweza kupita tena. Tulirudi nyumbani tumeridhika kabisa.

Sasa binamu akachukua flashi yangu, akarudisha faili mahali pake, akawasha upya. Kisanduku cheupe kikatokea tena. Safari hii kilitaja jina jingine. Lilikuwa la faili la shemeji.

"Haitaji yote kwa pamoja," binamu akasema. "Inataja moja. Ukiipa, inataja jingine."

"Haiwezi kwenda bila hayo?"

Akajaribu kuteremsha mengine kama hayo kutoka mtandaoni kwa simu yake. Mashine ikayakataa, ikisema si toleo lenyewe. Akajaribu tena ikakataa tena. Mama wa mabegi alikuwa amesimama mlangoni na mikono kiunoni, akatuuliza tumefikia wapi. Nikamwambia ukweli, kwamba tulimgawana daktari kwenye arobaini na sasa inabidi nimkusanye kwa ndugu.

Akafanya ishara ya msalaba.

Kwa shemeji nilikwenda kesho yake, Jumatano. Nilikaa ukumbini, yeye akiwa chumbani nyuma ya pazia, mama yake amekaa katikati yetu akichambua mchele. Nikaeleza.

"Kumbe kile kidude kilikuwa na kazi," alisema kutoka nyuma ya pazia. "Mimi nilikuwa nakishika tu, shemeji."

"Tutakirudisha."

"Kirudi, kisirudi, mimi nataka hao watu wa korido wasiondoke. Wakiondoka, nitawaambia nini watoto?"

"Sijui, shemeji."

Mama yake akainua uso kutoka kwenye mchele. "Huyu baba jamani! Mdanganye basi hata kidogo."

"Mwache, mama," shemeji akasema. "Akisema inawezekana, nitajua inawezekana." Mkono ukatoka pembeni ya pazia na flashi, mama akaipokea, akanipa, ikiwa na harufu ya udi.

Faili la shemeji likaingia, na kompyuta ikataja la shangazi.

Shangazi anakaa Ilala, chumba na ukumbi. Nilimkuta Alhamisi baada ya alasiri amekaa kitini mbele ya redio yake kubwa yenye spika mbili, ile wanayouza na tundu la flashi kwa mbele. Flashi ilikuwa imechomekwa. Taa nyekundu ilikuwa inawaka na kuzima. Hakukuwa na sauti yoyote.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Kaa. Taratibu."

Nikakaa. Tulikaa hivyo kwa muda, yeye akiangalia ile taa. Nikafikiri labda redio imeharibika. Nikamuuliza anasikiliza nini.

"Namsikiliza mdogo wako."

"Lakini haisemi kitu, shangazi."

"Kwani alikuwa anasema?"

Alikuwa anakuja hapo kila Alhamisi, mdogo wangu, anakaa kwenye kiti kilekile nilichokalia mimi, anakunywa chai, anaondoka. Shangazi alisema siku ya kwanza alipochomeka flashi alidhani fundi wa redio amemtapeli. Akamrudishia. Fundi akafungua redio, akaifunga, akasema nzima. Basi akazoea. Anaiwasha baada ya alasiri, inamkalia kimya hadi maghribi, kisha anaizima. Jirani mmoja alimuuliza mbona redio yake mbovu, akamjibu redio si mbovu, ni mtu mwenyewe.

Nikamweleza kilichonileta. Nilieleza vibaya, nikirudia rudia, kwa sababu nilikuwa naangalia ile taa na mimi.

"Kwa hiyo huko dukani anahitajika," akasema.

"Faili linahitajika, shangazi."

"Ndiyo. Na mkeo wa... na mke wake atakula kwa hilo?"

"Likikubali, ndiyo."

Akainuka, akapunguza sauti ya redio kwanza, ingawa hakukuwa na sauti, halafu akaizima, akachomoa flashi na kuipangusa kwa ncha ya kanga. "Mwambie binamu yako anikopie kisha anirudishie. Kopi, asili, mimi sijali. Hapa nilikuwa namkalisha bure, na mtu wa kazi hakai bure." Alinisindikiza hadi barabarani, jambo ambalo huwa hafanyi kwa sababu ya miguu.

Likabaki la baba mdogo.

Binamu alinishauri kwenye simu. "Kaka, tusisumbuane na mjomba. Mwambie unataka kuiona tu. Mimi nitakuwa na kompyuta ndogo kwenye begi, nakopi dakika moja, tunamrudishia. Hatajua."

"Nitajua mimi."

"Sasa wewe ukijua kuna tatizo gani?"

Ijumaa nikaenda Mchikichini peke yangu, baada ya swala. Baba mdogo alikuwa amekaa katikati ya viatu vyake, vya kushoto kulia kwake na vya kulia kushoto kwake, anavyopanga yeye ili wezi wasipate pea. Nikamsalimia, akanipa kigoda. Nikamweleza yote, pamoja na ushauri wa binamu.

Akacheka sana kuhusu binamu. "Yule tangu mdogo ana mkono mwepesi. Sasa sikiliza, mwanangu. Kitu cha arobaini hakirudi. Ningekuwa nakurudishia, ningekuwa namrudisha nani? Kwamba hakufa?"

"Hurudishi, baba. Tunakopi. Lako linabaki kwako vilevile."

"Ukiondoka nalo, na kwangu likabaki, la mdogo wako ni lipi?"

"Sijui."

"Unaona! Na mimi sijui. Hilo ndilo linanitisha." Mteja akaja akaokota kiatu, baba mdogo akamgeuzia soli, mteja akakiweka chini na kuondoka. "Nimefunga ile flashi kwenye leso yake, nimeiweka sandukuni. Nikiigusa najua nimegusa kimoja, na kiko kimoja tu. Wewe unataka kiwe viwili, kesho binamu yako akifanye kumi, avitundike pale Posta pamoja na kopi za vitambulisho. Mdogo wako alikuwa mmoja."

Nikamwambia habari za shemeji, na za wakala, na Jumamosi. Hapo akashika kiatu cha mtoto akakigeuza geuza.

"Kompyuta inaweza kusoma bila kuchukua?" akauliza. "Kama mtu anavyosoma gazeti la mwenzake begani?"

Nikampigia binamu. Binamu akasema, ndiyo, inawezekana kuielekeza programu ikaazime kwenye flashi yenyewe, ikiwa imechomekwa. "Lakini flashi lazima iwepo daktari anapopita, kaka. Ina maana mjomba lazima awepo."

"Nitakuwepo," baba mdogo akasema, aliyekuwa amesogeza sikio kwenye simu yangu. "Nani kasema sitakuwepo?"

Jumamosi akaja amevaa kanzu na kofia, kama anakwenda kwenye akidi ya ndoa. Mama wa mabegi alikuwepo, wenye fremu karibu wote walikuwepo, na yule wakala wa kampuni naye alikuwepo, jamaa mpole mwenye fulana ya rangi ya chungwa, kiboksi chake mapajani. Nilimpa kigoda. Sikuona sababu ya kumwacha asimame.

Baba mdogo akafungua leso, akatoa flashi, akapiga bismillahi, akachomeka mwenyewe. Binamu akawasha. Hakikutokea kisanduku cheupe. Kikatokea kile kioo cheusi cha mdogo wangu, na majina ya fremu yakaanza kushuka moja moja, kila jina likipata alama ya kijani: mapazia, vyombo, nguo za watoto, mabegi. Watu walikuwa wanasoma kwa sauti kama matokeo ya mtihani. Likifika jina la mtu anasema "Nimepita!" na wenzake wanampa mkono. Halafu simu zote za korido zikaanza kulia kwa pamoja, ujumbe wa tangu Jumanne ukiingia.

"Yesu wangu," mama wa mabegi akasema, "Mbeya kanitukana mara ngapi!"

Wakala akaangalia kiboksi chake, akaangalia kioo. Akauliza kama anaweza kupewa namba ya siri amtumie bosi wake ujumbe, maana simu yake haikamati mle ndani.

Adhana ya adhuhuri ikasikika. Baba mdogo akainuka, akachomoa flashi, akaifunga kwenye leso. Watu wote wakashika vichwa. Lakini mtandao haukukatika, daktari alikuwa ameshamaliza.

Baba mdogo alionekana kama ameumia kidogo. "Kumbe hata nikiondoka nacho hamna tofauti?"

"Kimeshafanya kazi yake, mjomba," binamu akamwambia. "Nenda kaswali."

Akaenda. Binamu naye akaenda. Mimi nilibaki niwauzie watu nyuzi, nikipanga kuswali baadaye. Dakika kumi hazijapita, umeme ukakatika, ukarudi papo hapo. Betri ya kompyuta imekufa siku nyingi, kwa hiyo ikazimika ikajiwasha. Feni ikakoroma. Kisanduku cheupe kikatokea, kikitaja faili la baba mdogo.

Wakala akanyoosha waya wa kiboksi chake uliokuwa umejikunja.

"Yuko msikiti gani?" mama wa mabegi akauliza.

"Wa mtaa wa nyuma. Lakini mama, yuko kwenye swala."

"Nimesema naingia? Nitasubiri nje."

Nilichoambiwa baadaye na binamu ni hiki. Wakati watu wanatoka, walimkuta mama wa mabegi kwenye kivuli cha ukuta, amejitanda kitenge kichwani kwa adabu, na viatu vya baba mdogo ameshavitafuta kwenye lundo na kuvipanga tayari kwa kuvaliwa.

"Shikamoo, mzee. Samahani. Mmemaliza vizuri?"

"Marahaba. Vizuri, mama. Kuna nini?"

"Umeme umekwenda ukarudi. Daktari anakuulizia."

Walikuja wote watatu kwa mwendo wa haraka, baba mdogo mbele, leso mkononi, watu wa mikokoteni wakimpisha. Akachomeka. Majina yakashuka tena, mapazia, vyombo, nguo za watoto. Safari hii hakuna aliyeshangilia, walisubiri tu hadi la mwisho.

Mama wa mabegi akamgeukia baba mdogo. "Mzee, nikuulize kwa heshima zote. Kila umeme ukikatika Kariakoo, mimi nitakuwa nakufuata Mchikichini?"

Baba mdogo akakaa juu ya bunda la nyuzi. Aliitazama ile flashi iliyokuwa inawaka taa yake ya bluu pale chini. Aliitazama kwa muda mrefu kuliko alivyolitazama jeneza, na hilo nalisema kwa sababu nilikuwa kando yake mara zote mbili.

"Kwangu ilikuwa haiwaki," akasema. Kisha akaniambia, "Nipe uzi. Ule wa nailoni, mweusi."

Nikampa. Akapiga magoti kwa shida, akaifunga flashi kwenye mguu wa kompyuta, akakaza mafundo yale ya kushonea viatu ambayo huwezi kuyafungua bila wembe. Leso akairudisha mfukoni.

"Sijakirudisha," akatuambia sote, kidole juu. "Na sijakikopi. Bado ni changu. Kipo kazini tu."

"Kipo kazini, mzee," mama wa mabegi akasema. "Nani atabisha?" Akamwambia wakala kwamba korido haitahama, ila akae apate kivuli, jua ni kali. Halafu akaenda dukani kwake kumjibu mtu wa Mbeya.

Nikampigia shemeji. Nikamwambia imewaka, na watu wamebaki. Nilisikia anavuta pumzi, na nyuma yake watoto wakigombania kitu. Halafu akaniuliza kama baba mdogo ameshakula.

"Bado," nikamwambia.

"Shemeji! Mzee wa watu tangu asubuhi? Mnunulie wali."

Nikaenda kwa mama ntilie wa kona nikachukua wali na samaki kwenye sinia moja, maana sahani zilikuwa zimekwisha. Binamu alikuwa ameshakimbilia kwenye kopi zake. Tukanawa, baba mdogo, mimi na yule wakala, ambaye alikataa mara moja tu, tukala hapo chini kati ya zipu.